Uzi Mweupe Chini ya Godoro

Kwa msomaji aliyekosa gazeti la juma lililopita, mambo yako hivi: kitanda kimeanguka.

Kimeanguka saa tano asubuhi, mke wa Ambrose Tilyard akiwa juu yake, siku ya tisa tangu ajifungue. Ambrose alikuwa chini anasoma barua za vita. Amesikia kishindo, amepanda ngazi mbilimbili, ameingia katika chumba ambacho mwanamume haruhusiwi kukanyaga mpaka mwezi wa uzazi uishe. Mke mzima. Mtoto mzima, amelala kwenye kitanda chake kidogo cha kubembea. Kilichokatika ni kamba iliyotandwa chini ya godoro.

Na pale tulipomwacha, Ambrose alikuwa amepiga magoti sakafuni, ameshika ncha ya kamba hiyo, na ndani yake ameona uzi mweupe.

"Toka," alisema Mama Hobday, mkunga, mwanamke mpana aliyezalisha nusu ya mji wa Stanhythe na kuigombeza nusu nyingine. "Nyumba ni yako, Bwana Tilyard, lakini chumba hiki si chako. Toka kabla majirani hawajasikia."

"Kamba hii imetoka wapi?"

"Mkeo ameanguka, wewe unauliza kamba!"

"Damaris. Imetoka wapi?"

Damaris alikuwa ameketi sakafuni, ameegemea ukuta, shali mabegani. Alimtazama mumewe kama mtu anayetazama mgeni aliyekosea nyumba.

"Kwa baba. Ya zamani ililegea, baba akaja akatanda hii wiki moja kabla sijajifungua. Wewe ulikuwa London. Kuna nini?"

Ambrose aliisogeza ncha ile kwenye mwanga wa moto. Mwezi ulikuwa Juni, lakini moto ulikuwa unawaka, madirisha yamefungwa, na hata tundu la ufunguo limezibwa kwa kitambaa, kama desturi ya chumba cha mzazi inavyotaka. Jasho lilimtiririka. Uzi haukupotea. Ulikuwa mmoja, mweupe, katikati ya nyuzi za kahawia.

Stanhythe hapakuwa na mtu asiyejua maana yake. Kamba yote iliyosokotwa katika bandari za Mfalme hutiwa uzi mmoja mweupe, ili mwizi asiweze kusema ni yake. Ukikutwa nayo nyumbani, huna la kujitetea. Vita na Waholanzi vilikuwa katika mwaka wake wa tatu, na hakimu hakuwa na subira.

Na aliyekuwa na kazi ya kuwakamata wezi hao ni Mkaguzi wa Kamba wa bandari ya Stanhythe. Yaani Ambrose Tilyard mwenyewe.

Mwezi Machi alimpeleka gerezani fundi mmoja, Tom Vickery, kwa pima tatu za kamba aliyofungia mbuzi. Mke wa Vickery alipiga magoti barabarani. Ambrose alimweleza, kwa upole, kwamba sheria haina kifungu cha mbuzi.

Mlango wa chini uligongwa. Haukugongwa kwa mkono. Uligongwa kwa kitako cha bunduki.

"Fungueni! Kwa amri ya Mfalme!"

* * *

Alikuwa Josias Crake, msimamizi wa bohari ya bandari, mwembamba, glavu nyeupe, na askari wawili nyuma yake.

"Samahani, Tilyard. Tumeletewa barua isiyo na jina. Inasema nyumba ya Mkaguzi wa Kamba ina kamba ya Mfalme." Alitabasamu. "Kweli nilicheka."

"Kisha ukaja na askari."

"Kisha nikaja na askari. Ungekuwa mimi, ungefanyaje?"

Ambrose aliwaza na kuona kwamba angefanya hivyohivyo. Akasogea kando.

Walitafuta jikoni. Walitafuta kwenye ghala la bia. Walipindua pipa la unga na kuuacha sakafuni. Hawakupata kitu. Lakini Ambrose aliona jambo moja: Crake hakuinama popote. Alisimama tu karibu na ngazi, akiwangoja askari wamalize, kama mtu anayengoja zamu yake.

"Bado juu," alisema, akaweka mguu kwenye ngazi.

Mama Hobday alikuwa amesimama kileleni, mkononi ana sufuria ya uji wa divai na mayai wa mzazi, unafuka moshi.

"Mguu wako wa pili ukikanyaga hapo, Crake, nakumwagia."

"Mama Hobday, nina hati."

"Na mkeo ana tumbo. La miezi minane, kama sijasahau kuhesabu, na mtoto amelala vibaya, nimemshika mwenyewe Jumanne. Ingia, baba. Ingia umkague mzazi wa siku tisa. Ila siku ya mkeo ikifika, usinitume mtu. Mwite huyu mwenye masharubu amzalishe."

Askari mwenye masharubu alicheka, akajifanya anakohoa.

Crake aliutoa mguu kwenye ngazi. Masikio yake yalikuwa mekundu.

"Nitamleta dada yangu," alisema. "Ni mwanamke, ataingia bila kizuizi. Saa nane kamili. Askari wangu watabaki mlangoni." Alivuta glavu zake vizuri, akamwegemea Ambrose sikioni. "Vickery alikuwa na mbuzi tu, rafiki yangu. Wewe una kitanda kizima."

Akaondoka.

Ambrose alibaki amesimama kwenye unga. Alihesabu maneno ya Crake moja moja, kama alivyozoea kuhesabu pima. Barua ilisema nyumba. Haikusema kitanda. Mama Hobday alitaja mzazi. Hakutaja kitanda.

Nani alimwambia Crake habari za kitanda?

* * *

Alirudi juu. Safari hii Mama Hobday hakumfukuza. Alikuwa tayari amekwisha kukusanya vipande vyote vya kamba mbele ya moto.

"Tia motoni," alisema. "Nusu saa inatosha. Dada yake akija atakuta godoro sakafuni na mzazi analia. Damaris, utaweza kulia?"

"Nikitaka."

Ambrose aliinua kipande cha kwanza. Mkono wake ulikuwa umeshafika juu ya makaa.

Ukasimama hapo.

"Bwana Tilyard!"

"Subiri."

Mtu mwingine angechoma kwanza na kufikiri baadaye. Ambrose hakuwahi kuharibu kitu kabla ya kukikagua. Aliishika ncha, akaifungua kwa vidole, akautoa uzi mweupe, akautazama ulivyosokotwa. Akautoa wa kahawia uliokuwa jirani yake. Akaulaza kando ya ule mweupe.

Nyuzi zote mbili zilikwenda kulia.

Akafungua pengine. Kulia na kulia.

"Hii si ya Mfalme," alisema.

"Una uzi mkononi!" alisema Mama Hobday. "Hata mimi nauona, na macho yangu haya!"

"Wa Mfalme husokotwa kinyume na wenzake. Nyuzi zote zikienda kulia, mweupe unakwenda kushoto. Uko hivyo ili mtu asiweze kuuchomeka baadaye." Alivuta kidogo nyuzi za kahawia. Zilikatika vipande vifupi na kumwaga vumbi mapajani mwake. "Na hii si katani mpya. Ni kamba za zamani zilizochambuliwa na kusokotwa tena. Zimeoza."

"Basi hukuiba! Sasa mbona uso umekuwa hivyo?"

Damaris, binti wa msokota kamba, hakuhitaji kuelezwa. Alikuwa amekwisha kulifikia jibu.

"Nani anatia alama ya Mfalme kwenye kamba mbovu," alisema polepole, "kama si mtu anayetaka kumuuzia Mfalme?"

Wakati huohuo mzinga ulilia kutoka ngomeni. Mara moja. Mara ya pili. Mara ya tatu.

Mizinga mitatu maana yake ni matanga ya meli za Waholanzi mdomoni mwa mto.

* * *

Mto wa Stanhythe una mahali pembamba, chini kidogo ya bandari. Hapo ndipo Kamishna wa bandari aliamuru kamba kubwa itandwe kutoka ukingo hadi ukingo, nene kama paja la mtu, imefungwa magogo ili ielee. Nyuma yake zilikuwa manowari kumi na moja zisizo na mabaharia wala baruti, na mji. Meli ya adui ikiikuta kamba hiyo, itakwama mbele ya mizinga ya ngome. Isipoikuta, itapita.

Kamba hiyo haikusokotwa katika bandari ya Stanhythe, kwa sababu katani iliwaishia mwezi Aprili. Ilipitia mikononi mwa Crake, ambaye alisema imetoka bandari nyingine ya Mfalme. Ambrose aliikagua wiki tatu zilizopita. Aliifungua ncha, akaona uzi mweupe, akatia sahihi.

Sasa alijaribu kukumbuka ule uzi ulikwenda upande gani. Hakukumbuka. Aliangalia kama upo. Miaka mitano alikuwa akilinda kamba isitoke bandarini. Hakuwahi kujiuliza ni kamba gani inayoingia.

"Ni nani karibu na hapa mwenye kibanda kirefu cha kutosha kusokota kamba nene namna ile?" aliuliza, ingawa alijua.

"Usiniulize hivyo," alisema Damaris. "Sema jina lake."

"Wystan Orde."

"Ndiye baba yangu."

"Ndiyo."

"Una hakika?"

"Nina hakika na uzi. Na mtu sina hakika."

Mama Hobday alimnyanyua mtoto, aliyeamshwa na mzinga, akaanza kumpigapiga mgongoni. "Nisikilizeni nyote wawili. Ukiitoa kamba hii nje, Bwana Tilyard, watakaouona ni ule uzi tu. Wewe ndiye mwizi."

"Nisipoitoa, kamba ya mtoni itakatika."

"Na ukiitoa wakakuamini," alisema Damaris, "basi mwizi ni baba. Wakati wa vita. Watamnyonga."

Chumba kilikuwa cha moto kama tanuri la mikate.

"Alimbeba mtoto huyu kabla yako," alisema Damaris. "Wewe ulikuwa kwenye kikao cha baruti. Ndiye aliyemwimbia."

"Najua."

"Huwezi kujua, hukuwapo." Alijifuta uso kwa shali. Alitazama dirishani, ingawa pazia lilikuwa limefungwa na hapakuwa na cha kutazama. Kisha alisema, kwa sauti ya mtu anayeagiza mkate, "Chukua kipande kimoja. Kingine niachie."

Ambrose hakuuliza kwa nini. Alivaa koti, akateremka, akamfungulia mlango askari mwenye masharubu.

"Nipeleke kwa Kamishna," alisema. "Kamba mnayoitafuta ni hii."

* * *

Gatini watu walikuwa wakikimbia na kugongana. Kamishna Penhallow, mzee wa meli aliyeacha mkono wake wa kushoto katika vita vilivyotangulia, alikuwa juu ya pipa akipiga kelele kwa wale wa mashua. Kamba kubwa ilikuwa imekwisha kuvuka. Ncha ya ng'ambo imefungwa, na ncha ya huku imezungushwa kwenye nguzo ya kuvutia kamba. Maji yalikuwa yamesimama. Katika muda usiofika saa moja yangeanza kujaa, na yatakapojaa yangewabeba Waholanzi.

Crake alikuwa kando ya Kamishna. Alipoiona kamba mkononi mwa Ambrose, hakutabasamu.

"Mheshimiwa," alisema Ambrose, "kamba hii ilikuwa nyumbani kwangu, kitandani kwangu. Ina uzi mweupe. Uzi ni wa bandia, umesokotwa upande mmoja na wenzake, na kamba imeoza. Naamini kamba ya mtoni ni ya namna hiihii. Niliipitisha mimi, na sikuikagua ipasavyo. Naomba uifungue."

Kamishna alimtazama juu mpaka chini. "Tilyard, umekunywa?"

"Hapana."

"Wewe ndiye uliyetia sahihi."

"Ndiyo. Ndiyo maana nimekuja."

"Kanuni ni kufungua ncha," alisema Crake haraka. "Ncha peke yake. Hiyo hapo. Mwacheni afungue, aridhike, tuendelee na kazi."

Ambrose aliazima chuma cha kufungulia kamba, akapiga magoti kwenye nguzo. Mabaharia walikusanyika. Kamba ilikuwa ngumu. Alisukuma chuma kwa uzito wa mwili wake wote, akatanua, akatafuta, akauona uzi mweupe, akauvuta nje.

Ulikwenda kushoto.

Wenzake walikwenda kulia. Katani ilikuwa ndefu, mpya, inanuka lami. Kamba safi ya Mfalme, isiyo na kasoro.

"Je?" alisema Kamishna.

Ambrose hakuweza kusema uongo. "Hii ni nzuri, Mheshimiwa."

"Na hiyo nyingine imetoka kitandani kwako."

"Ndiyo."

"Mtu huyu ana siku tisa hajalala," alisema Crake kwa huruma nyingi. "Mtoto mchanga nyumbani, vita huku. Wangapi wetu tungestahimili?"

"Mfungeni," alisema Kamishna. "Nitamshughulikia tukiwa hai."

Askari mwenye masharubu alitazama huku na huku akitafuta cha kumfungia. Akaichukua kamba ileile ya kitanda, akaizungusha mara mbili kwenye mikono ya Ambrose, akavuta ili aikaze.

Ikakatika.

Askari alibaki na kipande. Akafunga tena. Ikakatika tena. Baharia mmoja akaguna, "Na hiyo ndiyo aliyomlazia mkewe?"

Watu walicheka. Kamishna hakucheka. Alishuka kutoka kwenye pipa, akakichukua kile kipande kwa mkono wake mmoja, akakitazama.

Na hapo kicheko kilikatika ghafla, upande wa nyuma. Umati ulikuwa unapasuka katikati. Wanawake waliokuwa wakivuta mikokoteni ya mawe walirudi nyuma na kugeuza nyuso.

Mzazi wa siku tisa alikuwa akitembea barabarani. Hajapelekwa kanisani kutakaswa, hajaombewa, hajavaa hata kofia. Alikuwa amemshika begani Mama Hobday, aliyembeba mtoto, na rangi ya uso wake ilikuwa kama ya mshumaa.

"Damaris, rudi," alisema Ambrose.

"Nyamaza, Ambrose." Alimgeukia Kamishna, akakunjua kipande alichobakiza, chote, kutoka ncha hadi mahali kilipokatika. "Mimi ni binti wa Wystan Orde, Mheshimiwa. Nimekaa kwenye kibanda cha kamba tangu sijajua kutembea. Hapa kichwani uzi unakwenda kushoto. Kamba nzuri. Pima moja na nusu, bado nzuri. Sasa pitisha kidole hapa."

Kamishna alipitisha kidole.

"Umehisi?"

"Sijahisi kitu."

"Hapo kuna maungio. Ni marefu na yamefanywa na fundi, ndiyo maana huyahisi. Kutoka hapo uzi unakwenda kulia." Aliivuta. Ikavunjika kama mkate mkavu. "Anayekagua anafungua ncha tu, na kila fundi anajua hivyo. Kwa hiyo ncha zitakuwa nzuri. Fungua katikati."

Hakumtaja baba yake mara ya pili. Hakukuwa na haja.

"Katikati iko mtoni," alisema Crake. "Hakuna muda, Mheshimiwa! Mtu atapoteza mashua na—"

"Bwana Crake," alisema Kamishna, "wewe utasimama hapa kando yangu. Karibu zaidi. Nimebaki na mkono mmoja, usinifanye nikufuate." Kisha akamkata Ambrose mafundo yaliyobaki mikononi. "Ulitia sahihi. Nenda kaisome upya."

* * *

Walipiga makasia watu wanne, naye Ambrose mbele na chuma chake. Maji yalikuwa yameanza kusogea. Mwanzoni ilikuwa mikunjo midogo tu iliyozunguka magogo.

Katikati ya mto palikuwa na mashua moja imefungwa kwenye kamba, ya kuangalia magogo. Mafundi wote wa mji walikuwa wameitwa kazini asubuhi ile. Mzee mmoja alikuwa ameketi ndani yake peke yake, kofia magotini.

"Baba," alisema Ambrose.

Wystan Orde aliinua uso. "Mtoto hajambo?"

"Hajambo. Kitanda kimeanguka."

Mzee alifumba macho.

"Damaris?"

"Hajambo. Yuko gatini."

"Siku ya tisa? Gatini?" Hilo lilimuuma kuliko kitanda. "Nilikuwa najaribu maungio kwenye kamba nyembamba kabla ya kufanya kubwa. Kikabaki kile kipande. Pima kumi na mbili. Sikuona sababu ya kukitupa." Alisugua viganja, vigumu kama ubao. "Mimi situpi kitu, Ambrose. Unanijua. Crake akaniuliza jana kipande cha kujaribia kiko wapi, akichome. Nikamwambia kiko kitandani kwa binti yangu, akiache. Nilidhani amekiacha."

"Kwa nini, Baba?"

"Crake alisema kamba kubwa ni ya kufungia meli bandarini. Kukaa tu, haibebi kitu. Leo asubuhi nikaona wanaitoa wapi, na wanaipeleka wapi."

Ambrose aliinama nje ya mashua, akaiweka ncha ya chuma juu ya kamba iliyolowa.

"Si hapo," alisema mzee. "Sogea pima saba kuelekea ng'ambo. Hapo ndipo nzuri inapoishia."

Walisogea pima saba. Ambrose alichoma chuma, na safari hii hakikuhitaji uzito wa mwili wake. Kiliingia kama kwenye nyasi kuukuu. Alivuta uzi mweupe. Ulikwenda kulia, na uliondoka na donge la vumbi jeusi.

Alisimama, akainua mkono wote juu, akaushusha mara tatu. Gatini, mbali, alimwona mtu mwenye mkono mmoja akigeuka na kumshika mwingine ukosi.

"Bwana!" alisema mpiga kasia. "Tazama kwenye kona!"

Mlingoti ulikuwa unatokeza nyuma ya miti ya ukingoni. Kisha wa pili. Meli ya kwanza haikuwa na mizinga. Ilikuwa inatoa moshi kabla haijapigwa: meli ya moto, imejazwa lami na kuni, inaletwa na maji ili iwake katikati ya manowari.

Maji yalijaa. Kamba ikainuka mtoni, ikikamuka na kuchuruzika maji, ikawa imenyooka. Ilikuwa na misokoto mikubwa mitatu. Wa kwanza ulipasuka chini ya mkono wa Ambrose kwa mlio kama wa bastola.

Wystan Orde alikuwa ameinama chini ya kiti chake. Alivuta bunda la kamba, nene, jipya, la rangi ya asali.

"Hii nimekuja nayo tangu asubuhi," alisema. "Ni nzuri. Nimeisokota peke yangu, kwa katani yangu. Ikifungwa kuruka pale palipooza, itashika. Lakini inataka watu wawili, mmoja upande huu wa ubovu, mmoja upande ule. Ikikatika kabla hatujamaliza, wa upande ule anakwenda nayo chini ya magogo." Alianza kuvua viatu. "Mimi ni mzee, na nitanyongwa. Upande ule ni wangu."

"Vidole vyako vimekufa ganzi tangu mwaka juzi, Baba. Unafunga fundo moja wakati mimi nafunga matatu. Damaris ananiambia kila kitu."

"Una mtoto wa siku tisa."

"Nina sahihi yangu kwenye kamba hii."

Msokoto wa pili ulipasuka.

Ambrose alishika ncha ya kamba ya mzee kwa meno, akalivuka gogo, akajilaza kifudifudi juu ya msokoto uliobaki, upande ule.

Itaendelea juma lijalo.